Dharura Isiyo na Tarehe

  

Jioni ya tarehe 8 Septemba 2025, watu wa Ntoyo, karibu na Manguredjipa, huku kwetu Kivu ya Kaskazini, walikuwa wamekusanyika matangani. Waasi wa ADF wakawaingilia, na waliouawa walizidi 60. Kesho yake mchana Israeli ilishambulia kwa ndege mji wa Doha, mji mkuu wa Katar, ikiwatafuta viongozi wa Hamas waliokuwa wakijadili pendekezo la kusimamisha vita vya Gaza. Habari ya Doha ilijaza dunia nzima kwa wiki kadhaa. Ya Ntoyo ilibaki kwetu, kwa waliofiwa. Mimi naona zinatuhusu zote mbili, na jioni hii nataka tuzitazame pamoja.

Doha sasa ni mji unaotuhusu. Mwezi Machi mwaka huo huo Rais Tshisekedi na Rais Kagame walikutana pale mbele ya Amiri wa Katar. Julai wajumbe wa Kinshasa na wa waasi wa M23 wakatia sahihi tamko la kanuni, na Novemba wakatia sahihi mkataba mwingine wa kuendeleza mazungumzo. Nchi hiyo inayotupatanisha ni tajiri kupita kiasi, na ndani yake kuna Al Udeid, kambi kubwa kuliko zote za jeshi la Marekani katika Mashariki ya Kati. Juni 2025 Iran ilirusha makombora kwenye kambi hiyo. Septemba Israeli, ambayo ni rafiki wa Marekani, ikapiga mji wenyewe. Wamarekani walikuwepo mara zote mbili, na Septemba hiyo Wakatari wakazika askari wao mmoja. Huku kwetu, Ntoyo ilipovamiwa, wanajeshi wa Uganda walikuwa wameshaingia eneo la Lubero, tena kwa makubaliano na serikali yetu.

Simwambii mtu kwamba askari wa kigeni hafai kitu. Mkulima wa kakao wa upande wa Watalinga aliyeweza kurudi shambani kwake anajua kilichobadilika, na sitamfundisha mimi niliyekaa mbele ya kipaza sauti. Ninachosema ni kwamba jeshi la nje hulinda kwanza kile kilicholileta. Likishalinda hicho, na wewe ukapata usalama kwa sababu umesimama karibu, shukuru Mungu. Lakini usifanye mpango wa maisha yako na ya watoto wako juu ya hilo. Nchi za Kiarabu zimelijua jambo hili kwa miaka mingi na kwa gharama kubwa. Ndiyo maana nimeona tuanze na Misri kabla ya kurudi huku kwetu Beni na Butembo.

Waingereza waliingia Misri mwaka 1882. Walisema wanarudisha utulivu, wanalinda madeni ya nchi na mfereji wa Suez, na kwamba watakaa kwa muda tu. Askari wao wa mwisho waliondoka Juni 1956, miaka 74 baadaye. Katikati hapo, mwaka 1922, Misri ilitangazwa kuwa nchi huru, ikawa na mfalme, bunge na bendera yake. Hata hivyo, usiku wa tarehe 4 Februari 1942, vifaru vya Uingereza vilizunguka ikulu ya Abdin mjini Cairo. Balozi wa Uingereza, Miles Lampson, akaingia kumwambia Mfalme Farouk achague: amteue Mustafa el-Nahhas kuwa waziri mkuu, au aache kiti. Mfalme akamteua Nahhas. Maofisa vijana wa jeshi la Misri hawakuisahau fedheha ya usiku ule, na miaka kumi baadaye Gamal Abdel Nasser na wenzake walipochukua serikali, ilikuwa bado inawauma. Kwa hiyo jeshi la kigeni ndilo lililofungua njia ya utawala wa wanajeshi wenyeji. Hili nitalirudia, kwa sababu linatugusa.

Sisi tulikuwa na usiku wetu wa Abdin, ila haukuwa na vifaru wala haukuwa usiku mmoja. Wazee wanakumbuka vita vya Agosti 1998, Beni na Butembo zilipokuwa mikononi mwa jeshi la Uganda na wale liliowalea. Profesa Ernest Wamba dia Wamba, mwanahistoria aliyefundisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ndiye aliyekuwa kiongozi wa kundi la waasi la RCD la upande huu. Mbusa Nyamwisi, mtoto wa hapa hapa, akagombana naye. Jean-Pierre Bemba alikuwa na kundi lake huko Equateur. Na walipogombana, waliitwa wapi? Kampala. Januari 2001 wakaambiwa waungane chini ya Bemba, na hapakuwa na mkulima wa Lubero wala mwenye duka wa Butembo aliyeulizwa. Muungano huo ukavunjika, vita vikaendelea, na mbao, kahawa na dhahabu zikaendelea kuvuka mpaka.

Naomba hapa mnipe subira kidogo, kwa sababu jambo hili watu wengi hawajapata kulisikia. Mwaka 1998 wanajeshi wa Uganda hawakuanza kwa kuvunja mlango. Tarehe 27 Aprili mwaka huo serikali ya Laurent-Désiré Kabila na serikali ya Uganda zilitia sahihi itifaki ya usalama wa mpaka. Askari wa Uganda wakawepo upande wetu wa Rwenzori kwa ruhusa, na adui aliyelengwa alikuwa ni huyu huyu, ADF. Baadaye Kabila alipobadili nia na kutaka majeshi ya kigeni yaondoke, Uganda ilisema ina haki ya kubaki. Kesi ikafika Mahakama ya Kimataifa ya Haki mjini The Hague. Hukumu ya tarehe 19 Desemba 2005 ilisema wazi: ruhusa ile haikuwa ya kudumu bila kikomo, Kongo ingeweza kuiondoa wakati wowote, tena bila taratibu ndefu, na kuanzia Agosti 1998 ilikuwa imeshaondolewa. Uganda ikapatikana na hatia ya kuvunja mamlaka ya nchi yetu, ya kuikalia Ituri, na ya kutozuia askari wake kupora mali ya asili. Februari 2022 Mahakama ikaipangia fidia: dola milioni 325, zikiwamo milioni 60 kwa ajili ya mali ya asili, zilipwe kwa awamu tano za milioni 65 kila mwaka hadi 2026.

Sasa wekeni tarehe hizo kando ya hii nyingine. Tarehe 30 Novemba 2021, kabla hata fidia haijapangwa, ndege na mizinga ya Uganda ilipiga maficho ya ADF upande wetu, na askari wakavuka mpaka. Ndiyo operesheni Shujaa. Wiki mbili kabla yake mabomu yalikuwa yamelipuka katikati ya Kampala. Na Juni ya mwaka huo Rais Museveni na Rais Tshisekedi walikuwa wamekutana mpakani, Mpondwe na Kasindi, kuzindua kazi ya barabara: Kasindi hadi Beni kilomita 80, Beni hadi Butembo 54, na nyingine kutoka Bunagana kwenda Goma. Barabara na bunduki vilifika mwaka mmoja. Mimi siamini kwamba ni bahati, wala sidhani kuna aibu kwa Uganda kutafuta soko. Kila nchi hutafuta. Ila aliyefungua mlango ni serikali yetu, na serikali yetu ndiyo inayotakiwa kutuambia imekubali nini. Je, askari hao wanakaa hadi lini? Akimuumiza raia, anashtakiwa wapi? Nani anaamua waende Butembo, au Bunia, kama walivyofika huko mwanzoni mwa 2025? Februari mwaka huo mkuu wa jeshi la Uganda, Jenerali Muhoozi Kainerugaba, aliandika mtandaoni akiwapa wote wenye silaha Bunia saa 24 wasalimishe, la sivyo angeushambulia mji. Watu wa Bunia walisoma hayo kwenye simu zao kabla ya kusikia neno kutoka Kinshasa. Katika mabaraza ya huku kwetu bado sijakutana na mtu aliyeshika mkononi masharti ya ushirikiano huu.

Wahenga walisema mgeni njoo, mwenyeji apone. Mimi nataka tupone. Lakini mwenyeji anayepona ni yule anayejua mgeni amekuja kwa siku ngapi.

Bahraini haikujua. Machi 2011 wananchi walipojaa mitaani kudai katiba, majeshi ya Saudi Arabia yalivuka daraja la baharini kwa mwaliko wa mfalme, na maandamano yakazimwa. Siria nayo iliita Urusi mwaka 2015, na mwaka 2017 ikaipa kituo cha kijeshi cha bandari ya Tartus kwa miaka 49. Desemba 2024 Bashar al-Assad akaanguka. Urusi ikampeleka Moscow na familia yake, na Wasiria wakabaki na magofu. Hayo nayapitia haraka kwa sababu mengi mmeyasikia.

Ninalotaka tukae nalo zaidi ni hali ya dharura, hii état de siège yetu.

Ilianza tarehe 6 Mei 2021 hapa Kivu ya Kaskazini na Ituri. Gavana wa kiraia akampisha jenerali, mameya wakawapisha maofisa wa jeshi na wa polisi, na mahakama za kijeshi zikapewa kesi za raia. Siku zile watu wengi wa Beni walifurahi, nakumbuka vizuri, na walikuwa na sababu. Tangu Oktoba 2014 walikuwa wanazika watu. Walisema afadhali mwanajeshi mwenye amri kuliko mwanasiasa mwenye hotuba. Katiba yetu, kifungu cha 144, inaruhusu hali hiyo kwa siku 30, kisha Bunge linaweza kuiongeza kwa siku 15, na 15 nyingine. Aliyeandika siku 15 alikuwa na akili: alitaka wabunge waulizane kila mara kama dawa inafanya kazi. Lakini hali hiyo imeongezwa mara zaidi ya 100, na kura mara nyingi imepita kama salamu ya mwanzo wa kikao.

Wamisri wanaijua kura ya namna hiyo. Rais Sadat alipouawa Oktoba 1981, Misri ilitangaza hali ya dharura. Hosni Mubarak akaiongeza na kuiongeza, kila mara akisema magaidi bado wapo, na kweli walikuwepo. Ilikwisha Mei 2012, yeye mwenyewe akiwa ameshaangushwa. Mtoto aliyezaliwa siku ilipotangazwa alikuwa mtu mzima wa miaka 30 ambaye hakuwahi kuishi siku moja chini ya sheria ya kawaida. Aljeria ilikaa hivyo tangu 1992 hadi 2011, Siria tangu 1963 hadi 2011. Misri ikairudia tena mwaka 2017, baada ya makanisa kulipuliwa Tanta na Aleksandria, ikiongeza miezi mitatu mitatu hadi 2021. Katika nchi hizo hatari haikuwa ya kubuni. Kilichotokea ni kwamba dharura ilizoeleka, na waliopewa madaraka kwa sababu ya vita wakajenga maisha yao, biashara zao na vyeo vyao juu ya madaraka hayo. Nani kati yao angekuwa na haraka ya kuimaliza?

Hapa kwetu dalili zimeonekana. Novemba 2021 vijana wa vuguvugu la LUCHA waliandamana Beni kupinga kuongezwa kwa état de siège. Walikamatwa, wakapelekwa mahakama ya kijeshi, wakafungwa. Agosti 2023 Kinshasa iliita meza ya duara kuhusu jambo hili, na wengi waliohudhuria kutoka Kivu ya Kaskazini na Ituri waliomba iondolewe. Wiki mbili baadaye, tarehe 30 Agosti, wanajeshi waliwapiga risasi waandamanaji wa kundi la kidini mjini Goma na kuua watu zaidi ya 50, na gavana wa kijeshi, Jenerali Constant Ndima, akaitwa Kinshasa. Oktoba Rais akatangaza kwamba hali hiyo ingelegezwa hatua kwa hatua. Tunajua kilichofuata: Kanyabayonga ikaanguka mikononi mwa M23 Juni 2024, Goma ikaanguka Januari 2025, na uongozi wa jimbo ukahamia Beni.

Wapo wanajeshi waliotufia, na mdomo wangu hautawadharau. Jenerali Peter Cirimwami, aliyekuwa gavana wa kijeshi, aliuawa mstari wa mbele Januari 2025. Vijana wetu wengi wasiojulikana kwa majina wamelala Sake, Alimbongo na misitu ya Mbau. Lakini heshima kwa askari haimaanishi kumwachia askari soko, mahakama, ushuru na shule kwa miaka bila hesabu. Beni imeona pia upande wa pili: Februari 2018 Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa lilimwekea vikwazo Jenerali Muhindo Akili Mundos, aliyewahi kuongoza operesheni ya kijeshi ya Sukola 1 hapa hapa Beni, likimhusisha na mauaji yaliyofanyika hapa. Mkuu wa operesheni anapotajwa namna hiyo, raia anahitaji mlango mwingine wa kupeleka kilio chake, mlango usiolindwa na sare ile ile.

Kuna jambo moja zaidi, nalo ndilo linaloninyima usingizi. Ni Sudan.

Rais Omar al-Bashir alipochoka kuliamini jeshi lake, aliwachukua wapiganaji wa Janjaweed waliochoma vijiji vya Darfur, akawapa jina jipya la RSF mwaka 2013, na sheria yao mwaka 2017. Wawe walinzi wake. Mkuu wao, Mohamed Hamdan Dagalo, akapata migodi ya dhahabu, fedha na marafiki wa nje. Aprili 2019 alishirikiana na majenerali kumwangusha Bashir aliyemlea. Oktoba 2021 alishirikiana na Jenerali Abdel Fattah al-Burhan kuiangusha serikali ya kiraia. Tarehe 15 Aprili 2023 wawili hao wakaanza kupigana wenyewe katikati ya Khartoum. Misri iko upande wa jeshi. Falme za Kiarabu zimetajwa na wataalamu wa Umoja wa Mataifa na wengine kuwa zinaisaidia RSF, ingawa zenyewe zinakana. Oktoba 2025 El Fasher ikaanguka, na yaliyofanyika pale kila aliyeishi Beni anaweza kuyaelewa bila kuonyeshwa picha.

Sisi mwaka 2023 tulipata sheria ya jeshi la akiba la ulinzi, na chini ya kivuli chake wakasimama Wazalendo. Wengi wao ni watoto wetu, wametoka Kirumba, Masereka, Kyondo, na walichukua silaha kwa sababu nyumba zao zilikuwa zinatekwa na M23 inayosaidiwa na Rwanda. Uzalendo wao siutilii shaka. Ninachotilia shaka ni makundi yenye wakuu tofauti na barieri zao wenyewe, ambayo hayana mshahara wala orodha ya majina. Kikundi kisicholipwa hujilipa, na mama anayeshuka na magunia ya maharagwe kutoka Lubero anajua analipa wapi na mara ngapi. Kikishapata mgodi, hakihitaji tena serikali. Na dhahabu yetu inayopita Kampala huishia Dubai, soko lile lile inakoishia dhahabu nyingi ya Sudan. Wafanyabiashara wa Butembo wanaifahamu Dubai vizuri, wanakwenda kununua nguo, simu na vipuri. Machi 2007 Baraza la Usalama liliwahi kuziwekea vikwazo kampuni mbili za dhahabu za Kampala pamoja na shirika moja la ndege la hapa Butembo, kwa kuhusishwa na silaha na dhahabu ya Ituri. Njia hiyo haijafungwa. Atakayekuja kesho kumnunulia kundi moja risasi ili apate mgodi wake hatahitaji kutafuta ramani.

Kwa hiyo naomba nini? Naomba Bunge lisipige tena kura ya siku 15 bila kusomewa taarifa ya kila mji na kila eneo: waliouawa, waliorudi makwao, kesi za raia zilizoko mbele ya majaji wa kijeshi, ushuru uliokusanywa na ulikokwenda. Naomba mahali ambapo meya wa kiraia anaweza kurudi, arudi, hata kama mji wa jirani bado una vita. Masharti ya operesheni Shujaa yachapishwe, yakiwa na muda wake na mahali pa kumshtaki askari anayekosa, kwa sababu hukumu ya The Hague tayari imetupa haki ya kuuliza. Vijana wa Wazalendo waandikwe majina, walipwe na wawe na amri moja, au warudishwe nyumbani kwa heshima na kazi ya kufanya. Na kuhusu fedha za fidia ya Uganda, ambazo mfuko wake una makao Kisangani, waathiriwa wa Beni na Butembo waelezwe ni wangapi kati yao wameandikwa.

Wabunge wetu wakirudi likizo, waulizeni kura yao ya mwisho walipiga namna gani na walisoma karatasi ipi kabla ya kuipiga. Mashirika ya raia ya Beni yana nafasi ambayo hayakuwa nayo zamani: ofisi ya gavana imo mjini mwao, na barua ya maswali haya inaweza kufikishwa kwa miguu asubuhi moja.